Yuwen hakuulizwa: kisa cha mke, mume mgonjwa na mgeni aliyeshuka kwenye treni

Kila siku Yuwen akishamaliza kununua mboga na dawa ya mumewe harudi nyumbani moja kwa moja, anapanda kwanza juu ya ukuta wa mji. Ni ule ukuta wa zamani wa kuzunguka mji, umebomoka bomoka, majani yameota kwenye matofali, na yeye anatembea pale juu taratibu na kikapu chake mkononi, anaangalia mbali. Hamna anachokitafuta. Ni vile tu pale juu hakuna wa kumwita. Afu anashuka, anarudi kwenye nyumba yenye mgonjwa, dawa inapelekwa, yeye anaenda kukaa kudarizi mpaka giza liingie, na kesho tena hivohivo.

Hiyo ni Xiao cheng zhi chun, filamu ya Fei Mu iliyotolewa na kampuni ya Wenhua ya Shanghai mwaka 1948, nyeusi na nyeupe, na jina lake maana yake ni majira ya kuchipua kwenye kamji kadogo. Watu ni watano tu mwanzo mpaka mwisho. Nimeitazama mara nne sasa na kila mara naimaliza kifua kimenibana. Nataka nikikalishe chini hiki kisa kama wazee wanavyokalisha jambo la nyumba, nani ni nani, kilitokea nini, nani alimkosea nani, sababu kila ninapokuta watu wanaielezea wanasema ni habari ya mwanamke aliyebanwa katikati, huku mapenzi yake huku wajibu wa familia, na mwisho akachagua wajibu. Mimi sioni hivo kabisa. Naona hakuchagua, manake hakuna aliyemuuliza akasubiri jibu, na waliomnyima hiyo nafasi ni watu wema wanaompenda.

Nyumba yenyewe ni ya ukoo wa Dai. Zamani walikua na uwezo, nyumba kubwa, vyumba vingi, bustani, sasa vita na Wajapani imepita na kilichobaki ni vyumba vichache na vifusi. Wazee wameshafariki. Mwenye nyumba ni Dai Liyan, bado kijana lakini ukimuona unadhani ni mzee, anakaa kwenye vifusi vya bustani yake amevaa joho refu, ameshika kifua, anaamini ana kifua kikuu. Mkewe ndo Zhou Yuwen. Wameoana miaka 8 na kila mtu analala chumba chake, na hawagombani, ni watu wawili wanaopishana uani kwa adabu. Yuwen mwenyewe anasema kuhusu hali yao maneno ambayo mimi sijayasahau, kwamba yeye hana ujasiri wa kufa, na mumewe naye ni kama vile hana ujasiri wa kuishi. Afu kuna Dai Xiu, mdogo wake Liyan, wifi yake Yuwen, binti wa shule anayekaribia miaka 16, ndo mtu pekee anayecheka mle ndani. Na Lao Huang, mtumishi wa siku nyingi aliyebaki nao hata mali ilipoisha.

Hapa niseme kwa nini hii filamu ilinishika mimi binafsi. Mama yangu mkubwa alimuuguza mumewe miaka mingi, alipata kiharusi, na yule mama kila akienda sokoni alikua anachelewa. Mchicha na nyanya vinanunuliwa nusu saa, yeye anarudi baada ya masaa mawili. Watu wa familia wakaanza kusema anazurura, mgonjwa kaachwa peke yake. Siku moja nilipita nikamkuta kakaa kwenye benchi la fundi cherehani, kikapu kipo miguuni, haongei na mtu, anaangalia barabara. Aliponiona akainuka haraka akasema ndo nilikua naenda. Nilikua mdogo sikuelewa kitu. Miaka imepita ndo namuona Yuwen juu ya ule ukuta, nikajua palepale ninachokiona ni nini.

Sasa ili uone Fei Mu kafanya nini inabidi ujue filamu za Kichina za kabla yake zilikua zinalishughulikiaje hili jambo. Mwaka 1931 ilitoka filamu ya Bu Wancang ambayo jina lake lenyewe ni Mapenzi na Wajibu, Ruan Lingyu ndo mwigizaji mkuu, mwanamke kaolewa na mtu aliyechaguliwa na wazazi, ana watoto wawili, anakutana tena na kijana aliyempenda zamani, anaacha nyumba na watoto anamfuata. Kinachofuata ni adhabu tupu, umaskini, yule mwanaume anakufa, watu wanamnyooshea kidole, na mwisho anajiua ili binti aliyezaa na yule mpenzi apate kulelewa kwenye nyumba yenye heshima. Filamu inamhurumia sana, inamlilia kabisa, lakini njia iliyomuachia ni moja. Na Fei Mu mwenyewe mwaka 1935 alishiriki kuongoza Tianlun, ambayo ni kusifu utii kwa wazazi kizazi baada ya kizazi, mtoto aliyewaacha wazee anarudi anajuta. Kwa hiyo huyu si mtu aliyekuja kupiga vita mila. Alikua anaziheshimu toka moyoni, na ndo sababu alichokifanya 1948 kina uzito.

Alichofanya ni kuwatoa wakatazaji wote. Angalia vizuri, kwenye hii nyumba hakuna baba mkwe wa kufoka, hakuna mama mkwe wa kupekua, hakuna majirani wanaochungulia, mji wenyewe karibu hauuoni, ni ukuta na uwanda na njia ya kwenda stesheni. Watoto hawana. Yuwen akiamua kuondoka asubuhi akapanda treni hakuna wa kumshika mkono. Kwenye visa vingine tunajiliwaza, tunasema ni mila, ni wazee, ni ukoo, laiti wangemuacha. Huyu ameachwa, na bado hawezi kutoka.

Afu mgeni anakuja. Zhang Zhichen, daktari, kavaa suti ya kizungu, ameshuka kwenye treni na begi lake, amekuja kumtembelea rafiki yake wa shule Liyan ambaye hawajaonana miaka mingi. Hajui Liyan kaoa nani. Na aliyeolewa ndo Yuwen, msichana aliyekua jirani yake, waliopendana toka binti akiwa na miaka 16, kabla vita na maisha havijawatawanya.

Namna anavyoingia ndo kitu kimojawapo cha ajabu kwenye filamu hii. Tunamsikia Yuwen anasimulia, sauti yake inapita juu ya picha toka mwanzo, na anasimulia mgeni anavyotembea kuja mjini, anavyofika kwenye nyumba, wakati yeye Yuwen yuko chumbani anadarizi na hajui chochote! Anajuaje? Kuna watu wanasema ni kosa la uandishi. Mimi nasema hapana, ni mtu anayekumbuka, siku ile umeirudia kichwani mara mia mpaka hata hatua ambazo hukuziona unaziona, umezijaza mwenyewe. Lao Huang anakuja kumwambia kuna mgeni, jina lake Zhang, na yeye moyo unaanza, anajiambia akina Zhang ni wengi, haiwezekani awe yeye. Anatoka. Ni yeye. Wanasalimiana kwa heshima mbele ya mume, na mume kafurahi, masikini, kwa mara ya kwanza baada ya muda mrefu uso wake una rangi.

Huo usiku ndo ninaoupenda kuliko sehemu yote. Mgeni kapewa chumba cha kule ng'ambo ya bustani. Yuwen ndo mama mwenye nyumba kwa hiyo ni kazi yake kuhakikisha mgeni amepata kila kitu, blanketi, maji ya moto, maua yamewekwa mezani. Unaona hapo? Kila anachokifanya ni wajibu, hakuna hata kimoja ambacho ukikitaja mbele ya mashahidi kitaonekana kibaya, na kila kimoja ni mapenzi. Kamji kenyewe umeme unakatwa saa 6 usiku. Wanajua wote wawili. Wanaongea maneno ya kawaida kabisa, umelala vizuri safarini, unahitaji kitu kingine, huku saa inaenda, na taa ikizimika atabaki mke wa mtu gizani kwenye chumba cha mwanaume mwingine, kwa hiyo kuna mshumaa. Wei Wei, aliyecheza Yuwen, alikua na miaka kama 26 hivi wakati huo, na anaongea na leso yake kuliko na mdomo, anaikunja, anaishusha, anajifunika nayo usoni kidogo. Fei Mu alikua mtu wa opera ya Kichina damu damu, mwaka huohuo 1948 aliongoza filamu ya rangi ya kwanza ya China akiwa na Mei Lanfang, bingwa wa opera ya Peking, na ukishalijua hilo unaelewa kwa nini Yuwen anatembea vile, kwa nini mkono ukiinuka unainuka mpaka mwisho. Na kamera haikatikati ovyo, inakaa, inasubiri, afu kuna mahali picha moja inayeyukia ndani ya nyingine wakati bado tupo chumba kilekile na watu walewale, kama mtu aliyefumba macho sekunde moja sababu ameshindwa kuangalia.

Zhichen anampima Liyan. Anamwambia Yuwen kwamba mapafu sio shida kubwa kama mgonjwa anavyofikiria, moyo ndo dhaifu. Sasa fikiria yuko kwenye hali gani huyu mtu. Ni daktari, maisha ya rafiki yake yako kwenye mikono yake. Ni mgeni, amekula chakula cha yule mume. Ni mpenzi wa zamani. Hata akikaa kimya atakua anamkosea mmoja wao.

Wanatembea ukutani, Yuwen na Zhichen, na hapa ndo naomba usikilize kwa makini sababu kesi yote iko hapa. Yuwen ana kawaida ya kujibu kila kitu sawa, vyovyote utakavyo. Zhichen anamuuliza, je nikikwambia uondoke na mimi, hapo nako utasema vyovyote nitakavyo? Yuwen anageuka anamuuliza, kweli? Neno moja tu. Na mwanaume hana jibu. Anarudi nyuma, wanatembea, jambo linaachwa linakufa palepale.

Hiyo ndo mara pekee katika filamu yote mtu amemuuliza Yuwen anataka nini, na aliyeuliza alikimbia jibu. Nimeirudisha hiyo sehemu nyuma mara nyingi nikitafuta dalili kwamba Yuwen amekataa, sijaipata. Hakukataa! Alisema yuko tayari kama unamaanisha.

Baadaye wakiwa wawili tena Yuwen anatamka kitu ambacho kinamshtua mwenyewe, kwamba labda mume wake afe. Ametamka kwa sauti. Anaganda, Zhichen anaganda. Kwa aliyewahi kuuguza mtu muda mrefu hili neno si geni, limewahi kupita kichwani saa 9 usiku wakati unabadilisha shuka, na ukijisikia umeliwaza unaogopa kama umemuua kweli. Mtu anaweza akamuona Yuwen katili hapo. Mimi namuona mtu mkweli aliyechoka, ambaye miaka yote hiyo hajawahi kumnyima mgonjwa dawa yake hata siku moja.

Katikati ya haya yote Liyan, ambaye hajui kitu, anapata wazo zuri, kwamba Zhichen amuoe Xiu, binti ameshakua, na nani wa kuwa mshenga kama si wifi yake? Anamuomba Yuwen alipeleke jambo. Yaani mume anamkabidhi mkewe kazi ya kumuozesha mwanaume anayempenda kwa binti wa nyumba hiyohiyo, na anamuomba kwa upendo kabisa, akiwaza mema ya watu wote. Ndo maana nasema wema wa hii nyumba unaumiza kuliko ukali wa nyumba nyingine. Mtu mkali unamkasirikia, unapata nguvu. Liyan utamkasirikia vipi?

Inafika siku ya kuzaliwa ya Xiu, anatimiza 16. Pombe ipo mezani, wanacheza ule mchezo wa kutaja namba huku mnatoa vidole, anayekosea anakunywa. Na Yuwen anachangamka. Anacheka, anacheza na Zhichen, anafungua kifungo cha kola ya gauni lake, uso umewaka. Liyan amekaa palepale anaangalia. Kamera haimsogelei kwa nguvu kutuonyesha amegundua, hamna muziki wa kushtua, tunamuona tu mtu anamuona mke wake akiwa mzima kwa mara ya kwanza, na anaelewa kwamba huyu mwanamke alikuwepo siku zote, kumbe kwake ndo hakuwahi kutoka nje. Umri wa Xiu nao si bure, 16, ndo umri uleule Yuwen alipompenda Zhichen, kwa hiyo pale mezani wamekaa Yuwen wa sasa na kama Yuwen wa zamani, na mume katikati yao na kikombe chake.

Usiku huo, pombe bado iko kichwani, Yuwen anaenda chumbani kwa mgeni. Zhichen anamnyanyua mikononi, afu kama mtu aliyeamka usingizini anamshusha, anatoka nje anamfungia mlango kwa funguo. Yuwen anavunja kioo cha mlango kwa mkono wake ili afungue. Kioo kinapasuka, mkono unachanika, damu. Zhichen anarudi, anaushika ule mkono, anaubusu, anaufunga dawa. Na ndo hapo mwisho, hawafiki mbali zaidi ya hapo. Daktari amemtibu jeraha ambalo chanzo chake ni yeye kumfungia mlango.

Watu wengi wanaupongeza huu mlango, wanasema mwanaume kajizuia, kalinda heshima ya rafiki. Sawa, nakubali, ni mtu wa heshima. Lakini angalia funguo ilikua kwa nani. Aliyefunga ni yeye, aliyefungiwa ni Yuwen, na ili atoe kauli yake ilibidi atumie damu.

Kilichofuata unaweza kukikisia. Liyan ameshaelewa. Anaona yeye ndo kikwazo, yeye mgonjwa, yeye mzigo, na watu wawili anaowapenda kuliko wote wanateseka kwa ajili yake. Anameza vidonge vya usingizi ili awapishe. Nyumba nzima inapiga mbio, Xiu analia, Zhichen anahangaika na rafiki yake mpaka anamrudisha, na Yuwen yuko pale kando ya kitanda, analia, na kile alichokitamka mdomoni mwake siku ile sasa kiko mbele ya macho yake kina uso wa mtu.

Kwa hiyo hesabu zangu za kesi ni hizi. Mwanaume wa kwanza anajaribu kufa ili Yuwen awe huru. Mwanaume wa pili anaondoka ili Yuwen abaki na heshima yake. Wote wawili wanajitoa sadaka kwa ajili yake, na ni sadaka za kweli, sizidharau hata kidogo, kama ningekua na kaka au rafiki wa namna hiyo ningemshukuru Mungu. Ila hakuna hata mmoja aliyekaa chini akamwambia Yuwen, mama, wewe unasemaje? Walishindana nani aondoke. Yeye ndo kitu kilichokua kinaachwa na kupewa. Na baada ya Liyan kumeza vile vidonge, hata kama angeulizwa, jibu lilikua limeshatolewa kwa niaba yake, sababu nani anaweza kutembea kwenda stesheni akimuacha nyuma mtu aliyetaka kufa kwa ajili yake?

Wachina wana msemo wa zamani mno, uko kwenye dibaji ya Kitabu cha Mashairi, kwamba hisia zianze moyoni na zikomee kwenye adabu. Neno lao la adabu ni li, linabeba heshima, utaratibu, ibada, mtu kujua mahali pake mbele ya wengine. Na jina la mume, Liyan, hiyo li ya mwanzo ndo herufi hiyohiyo. Yaani mume anaitwa adabu, na adabu yenyewe ni mgonjwa, imekaa kwenye vifusi, haina nguvu ya kukataza kitu, na bado kila mtu kwenye nyumba anaipenda na anaogopa isife mikononi mwake. Mimi hapo ndo nilipomuelewa Fei Mu. China ya 1948 ilikua hivohivo, vita na Japani imeisha 1945, vita ya wenyewe kwa wenyewe inawaka, na filamu ilitoka Septemba, mwezi uleule mapigano makubwa ya kule kaskazini mashariki yalipoanza. Kwenye skrini hakuna mwanajeshi hata mmoja, kuna nyumba tu iliyobomoka na watu wanaojiuliza wabaki nayo au waiache.

Ndo maana watu wa mrengo wa kushoto waliikasirikia. Wakasema nchi inaungua na nyie mnatuletea mke anayelia na leso. Baada ya 1949 ikawekwa pembeni, Fei Mu alishahamia Hong Kong akafariki huko 1951 akiwa na miaka 44 tu, hakuona chochote cha kilichokuja baadaye. Miaka ya 1980 ndo ikaanza kuonyeshwa tena watu wakashangaa kumbe tulikua na hiki kitu, na mwaka 2005 kwenye tuzo za filamu za Hong Kong ikachaguliwa namba moja kati ya filamu 100 bora za Kichina za nyakati zote. Wei Wei alijaaliwa maisha marefu, alifariki 2023 akiwa na miaka 100, kwa hiyo yeye angalau aliyaona.

Mwaka 2002 Tian Zhuangzhuang aliirudia upya, ya rangi, nzuri kwa macho, waigizaji wanajua. Lakini aliitoa ile sauti ya Yuwen. Katika ile mpya hasimulii, tunamuangalia tu kama tunavyowaangalia wengine. Na nilipoitazama nilihisi baridi, nikawa sijui kwa nini, mpaka nikagundua kwamba wamemnyang'anya kitu pekee alichokua nacho. Kwenye ile ya 1948 hakuna aliyemuuliza, sawa, lakini yeye ndo anayesema, kisa chote kinapita mdomoni mwake, hata safari ya mgeni, hata mambo ambayo hakuyaona. Hiyo ndo haki aliyopewa na Fei Mu.

Najua kuna atakayesema mbona mwisho anabaki kwa hiari. Mwisho ni huu: Zhichen anaondoka, Xiu na Lao Huang wanamsindikiza stesheni, Yuwen yuko juu ya ukuta anaangalia. Liyan anapanda, na fimbo yake, taratibu, mtu ambaye mwanzo alikua hatoki kwenye vifusi vya bustani yake, anapanda mpaka juu anasimama ubavuni kwa mkewe, na Yuwen ananyoosha mkono anamuonyesha kule mbali. Wengi wanaona hapo ndoa imepona. Inawezekana, na mimi nafurahi Liyan amepanda, nafurahi sana, maana yake ana ujasiri wa kuishi sasa. Ila ule ukuta ndo ulikua mahali pekee ambapo hakuna wa kumwita Yuwen. Mumewe sasa anapajua. Sijui kama mama yangu mkubwa angependa tungemfuata kwenye lile benchi, au angependa tumuachie. Hatukumuuliza, na mumewe alipofariki hatukumuuliza pia, tulimsifu tu kwamba alivumilia.

Ukiimaliza irudie ile dakika ya kwanza kabisa. Filamu inaanza na watu watatu wanatembea kwenye njia ya kutoka mjini, mara ya kwanza huwajui ni akina nani wala wanaenda wapi. Mara ya pili unawajua, ni Zhichen na Xiu na Lao Huang wanaelekea stesheni, yaani mambo yote yameshaisha kabla hayajaanza kusimuliwa, na aliyebaki juu ya ukuta na kikapu chake ndo anavuta pumzi aanze kusema.